Ukijoini Zombi za Watu, Jembe Lako Lipo

Oya, kwanza tuwekane sawa. Zombi wa kwenye gemu siyo msukule. Huku kwetu Nyamisati, na pwani yote kwa ujumla, msukule ni mtu wa watu: kachukuliwa kimazingara, ndugu wanaambiwa walizika mgomba, mwenyewe yuko kwenye shamba la mtu analimishwa usiku bila ujira, na akitokea mganga mwenye mkono mzuri anarudishwa nyumbani, ananyweshwa uji, maisha yanaendelea. Bongo muvi zimekula hela ya kutosha hapo. Zombi wa Haiti naye alianza mulemule, mtumwa wa shamba la miwa ambaye hata akifa haachiwi apumzike. Halafu 1968 George Romero akatoa Night of the Living Dead huko Marekani, akampindua jamaa: sasa anakula watu, anatembea kwa makundi. Huyo ndiye tunayepambana naye. Hana mganga. Mwana akishang'atwa usihangaike na kombe wala maji ya upako, chukua begi lake.

Sasa masela wengi wanaingia kwenye hizi zombi za kushirikiana na akili ya FIFA. Kule kibandani unalipa, unashika padi, unamfunga mwenzako, unamcheka, zamu inahama. Ile ni gemu ya kumshinda jirani. Kwenye hizi zetu jirani akidedi na wewe foleni yako imeshafika. Ndiyo maana mimi nikitaka kujua mtu ni wa aina gani simuulizi ana bunduki gani. Naangalia anafanya nini pale ambapo hakuna zombi hata mmoja.

Gemu iliyoiweka staili hii mezani ni Left 4 Dead ya Valve, Novemba 2008. Mnakuwa wanne, mnatoka pointi moja kwenda nyingine, basi. Utamu uko hapa: kuna zombi anaitwa Hunter, akikurukia kifuani hakuna batani ya kujinasua. Kuna mwingine, Smoker, anakuvuta kwa ulimi kutoka juu ya paa huko. Hata uwe na risasi zimejaa na shabaha ya kijeshi, utabaki unafurukuta mpaka mwenzako aje akutoe. Waliotengeneza walifanya makusudi, kumnyoosha yule mjuaji anayependa kukimbia mbele peke yake. Halafu kuna programu wanaiita Director inayowasoma mnavyokwenda. Mkielemewa inawaachia mpumue. Mkijisahau mkaanza kupiga stori, inawamwagia kundi zima. Kwa hiyo hata ramani uikariri kama njia ya kwenda msikitini, mazombi hawatokei palepale.

Toleo la pili, la 2009, ndilo linalobamba kwenye mageto ya huku, na sababu siyo mapenzi, ni mfuko. Laptopu kimeo yenye RAM ya GB 2 inalisukuma. Likishawekwa halidai intaneti: simu moja inawasha hotspoti, laptopu zote zinajishika hapo, mmoja anakuwa mwenyeji, wengine wanaingia, na bando haliguswi kwa sababu mambo yote yanaishia mlemle chumbani. Kuna geto moja Kibiti wana wanakaa kwenye mkeka, ekstensheni moja, feni imechomolewa kupisha chaja. Kelele zao mama mwenye nyumba ameshazizoea. "Nibebe! Nibebe mwanangu, nakufa!" Mpita njia anaweza kudhani ndani kuna mgonjwa.

Ila pale mnajuana. Kujoini kwa watu usiowajua ni mtiti mwingine kabisa, na hapo ndipo inapoingia Project Zomboid. Ni kazi ya The Indie Stone, jamaa wachache wa Uingereza, ipo tangu 2011, lakini ilipolipuka ni Desemba 2021, Build 41 ilipofunguliwa watu wacheze pamoja. Mnawekwa Kentucky, Marekani, mwaka 1993. Umeme na maji bado vipo ila vitakata siku yoyote bila taarifa. (Mbongo anacheka hapo. Mgao wa mwishoni mwa 2023 tuliucheza bila kompyuta, na bwawa la kutuokoa lilikuwa bado linajengwa kwenye mto wetu huuhuu wa Rufiji.) Ukikwaruzwa una asilimia 7 za kuambukizwa. Ukichanika, 25. Uking'atwa, 100, hakuna rufaa. Siyo gemu ya kutoboa. Tangu mwanzo inakuambia utakufa tu. Kinachobaki ni utakawia kiasi gani, na utakawia na nani.

Mle ndani sauti ndiyo roho yako. Kioo kikivunjika wanakuja. Bastola moja inaita mtaa mzima. Seva niliyokuwa natia timu ilikuwa ya wasee wa Nairobi, na kwenye maiki hakuna aliyehangaika kutema yai: wao na Sheng yao, mimi na ya pwani, mambo yanakwenda. "Niaje buda, form ni gani leo?" "Freshi mwanangu, nipo maskani nachonga mbao." Usiku mmoja akajoini jamaa asiyejulikana. Hakusema hata mambo vipi. Akabeba shoka la watu, akala maharage ya kopo yaliyokuwa akiba, akatoka nje, akaona gari, akapiga honi.

Kaliamsha dude.

"Wasee, huyu ametuchoma," msee mmoja akasema, kwa sauti ya chini kabisa kana kwamba mazombi wa Kentucky wanamsikia mpaka kwao Umoja, Nairobi. Tulipigana mpaka mashoka yakaisha makali. Mgeni wetu kumbe alishasepa zamani, kachomoka kwenye seva, sisi tukabaki na msala wake. Hakuna aliyemtukana. Walimfungia tu, na kesho yake wakaweka sheria kwamba anayeingia lazima asalimie kwanza.

Na mimi nawaunga mkono asilimia zote. Wazee walishasema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe, na Zomboid imelichukua hilo kavukavu, maana mle viazi na kabichi vinapandwa, vinamwagiliwa, vikisahaulika vinakufa. Ukijoini kwa watu washa maiki, toa salamu, uliza nini kimepungua. Makreti yao usiyafungue mpaka uambiwe. Ukiwa unatoka kula au bi mkubwa anakuita, sema, maana kuna mtu anategemea kwamba unalinda dirisha la nyuma. Hayo mengine utajifunza. Shabaha watu wanafundishana. Adabu ya kukaa kwa watu unakuja nayo kutoka kwenu. Mimi walinipa kazi ya uvuvi baada ya kusikia natokea delta ya Rufiji. Nadhani ilikuwa utani. Friji ilipojaa utani ukaisha.

Kambi nayo niliwachorea mimi. Wao walitaka nyumba kubwa yenye uzio. Nikawaambia, nyie, Rufiji mtu akilima mpunga bondeni halali chini, anajenga dungu: kibanda juu ya nguzo, ngazi nyembamba, ukiwa juu unaona kila kinachotembea. Linalinda mpunga dhidi ya nguruwe na linamlinda mwenye mpunga. Huku siyo hadithi za kutishia watoto. Kati ya 2002 na 2004 kulikuwa na simba mmoja, watu wakambatiza Osama, anatajwa kuua zaidi ya watu 30 kwenye vijiji vya Rufiji mpaka alipouawa Aprili 2004. Basi kwenye Zomboid tukaichukua nyumba ya ghorofa, tukabomoa ngazi kwa nyundo kubwa, tukawa tunapanda kwa kamba ya mashuka. Zombi hajui kupanda kamba. Wasee wakaipa jina kambi: Dungu Estate. Nairobi bwana, kila kitu lazima kiwe Estate.

Kuhusu kufunga mlango kabla giza halijaingia, sisi hatukufundishwa na gemu. 2017, wakati wa mauaji yaliyotokea huku kwetu, bodaboda zilipigwa marufuku kutembea kuanzia saa 12 jioni, hapa Kibiti, Rufiji na Mkuranga. Hilo silifanyii utani. Nalitaja kwa sababu kuna wana tunacheza nao hawataki taa izimwe kabisa, na mgeni akija na uchizi wa "zima taa tuogope vizuri" anaambiwa mara moja tu.

Noma ya seva za mbali ni mtandao. Pingi ikipanda, kwenye skrini yako zombi yuko kule mlangoni, kwenye seva ameshakula kiwiko. Na 2024 ilitukusanyia yote kwa mpigo. Aprili mafuriko ya Mto Rufiji yakaingia mashambani na majumbani, Rufiji na Kibiti watu wakahama. Mei 4 Kimbunga Hidaya kikafika Mafia, hapo mbele yetu tu baharini. Mpaka boti za Dar kwenda Zanzibar zilisimamishwa. Tunashusha pumzi, Mei 12 nyaya za chini ya bahari, EASSy na Seacom, zikakatika, na Tanzania ikawa miongoni mwa waliopigwa vibaya zaidi. Ujumbe wa maneno wenyewe ulikuwa unatoka kwa mbinde. Zombi ndiyo usiseme.

Mtandao uliporudi nikaingia nikijua kitu changu hakuna. Nikakuta wasee wamepanda mstari mzima wa viazi sehemu yangu na begi langu wamelipa jina jipya, "ya msee wa delta, usiguse". Mmoja akauliza, "Buda, nyi wazima huko? Tuliona maji kwa TV." Hakuuliza nilikuwa wapi, hakuuliza samaki. Sijawahi kuonana na yule mtu.

Ila ile wiki ilinifanya nirudie vitu visivyotegemea waya wa baharini. Hapa bandarini kwetu boti na kivuko cha MV Kilindoni vya kwenda Mafia vinafuata maji. Tiketi mkononi, begi begani, unaambiwa subiri maji yajae, unaweza kula chapati, ukalala, ukaamka, bahari bado iko mbali na wewe. Vijana wanafanya nini? Wanaishia Minecraft ya kwenye simu. Najua mnaojiita wagumu mtasema ile ni ya watoto. Weka survaivo, ugumu wa juu, usubiri usiku. Mazombi wanatoka gizani, wanavunja mlango wa mbao, na mko watu watano kwenye hotspoti moja bila hata jero ya bando. Asubuhi jua linawaunguza, lakini kuifikia asubuhi ndiyo kazi. Mnaweza kuuruka usiku mkilala vitandani, ila lazima mlale wote. Mmoja akigoma, anachimba almasi zake huko chini, usiku haupiti. Nimeshaona watu wazima, mmoja na tai yake ya semina, wanamfokea dogo wa darasa la sita: "Lala basi! Lala tutaliwa!" Dogo kakaza.

Shida yetu ya muda mrefu ilikuwa mwenyeji. Dunia mnayojenga inakaa kwenye simu yake. Akitoka, wote mnatupwa nje. Abiria mmoja anaanzisha kijiji kikali, mnajenga ukuta, mnapanda ngano, halafu nahodha anaita, jamaa anabeba begi anapanda, na kijiji chenu kiko mfukoni mwake kinaelekea Kilindoni, Mafia. Imetokea mpaka tukachoka. Siku hizi tumekubaliana mwenyeji awe dogo mmoja anayeuza maji na karanga pale karibu na geti. Yeye hasafiri. Simu yake kioo kimepasuka, betri inakaa kwa mpira wa manati, lakini dunia yake ina umri mkubwa kuliko zote za hapa, na imejengwa na watu wengi ambao sasa hivi wako Mafia, Mbagala na kwingineko hawajui kama mlango waliouweka bado umesimama.

Kwa hiyo ukitia maguu Nyamisati na maji bado, mtafute. Nunua maji ya buku kwanza, salimia, ndipo uombe hotspoti. Mikate ya wageni iko kwenye kreti ya kulia. Jembe liko kwenye ya kushoto.