Upatanisho wa Kisarufi katika Mafumbo ya Hesabu

Mafumbo ya hesabu, yaani maswali ya hesabu yaliyotungwa kwa maneno, hudhaniwa kwa kawaida kuwa ni mali ya walimu wa hisabati peke yao. Nia ya makala haya ni kuonyesha kwamba fumbo lenye mambo mawili yasiyojulikana huwa ni suala la lugha kabla ya kuwa suala la hesabu, na kwamba sarufi ya Kiswahili humsaidia msomaji mahali fulani na kumtupa mkono mahali pengine.

Tuanze na mfano mwepesi. Kitabu kimoja na kalamu tatu huuzwa kwa shilingi 130. Vitabu viwili na kalamu moja huuzwa kwa shilingi 160. Je, kila kimoja ni bei gani? Tukiiita bei ya kitabu k, na bei ya kalamu l, tunapata milinganyo miwili:

k + 3l = 130
2k + l = 160

Tukizidisha mlinganyo wa pili kwa 3 tunapata 6k + 3l = 480. Tukiondoa ule wa kwanza, hubaki 5k = 350. Basi kitabu ni shilingi 70, na kalamu ni shilingi 20.

Katika fumbo hili, kazi ya kuvitenga vitu hivi viwili imekwisha kufanywa na ngeli. Vitabu vimo katika ngeli ya KI-VI, na kalamu zimo katika ngeli ya N. Mtungaji akiendelea kusema "zikiongezwa mbili" au "vikipunguzwa viwili", hana haja ya kulirudia jina, kwa kuwa kiambishi zi- au vi- kimekwisha kumwelekeza msomaji.

Hali hubadilika pindi mambo yote mawili yanapokuwa katika ngeli moja, hasa ile ya watu. Tuchukue fumbo hili: "Juma na Asha wana jumla ya shilingi 80. Juma akimpa Asha shilingi 10, atakuwa na mara tatu ya fedha za mwenzake." Ni nani atakayekuwa nazo? Kiambishi a- chaweza kumrejelea Juma au Asha, na neno "mwenzake" haliamui lolote. Ikiwa ni Juma, atabaki na shilingi 60 na Asha atakuwa na 20. Kwa hiyo mwanzoni Juma alikuwa na 70 na Asha 10. Ikiwa ni Asha, yeye ndiye atakayekuwa na 60. Kwa hiyo mwanzoni Juma alikuwa na 30 na Asha 50. Majibu yote mawili ni sahihi kihesabu, nalo swali limeruhusu yote mawili.

Aidha, hata maneno yasiyo na utata huweza kupotoshwa yanapogeuzwa kuwa herufi. Mwaka 1981, John Clement wa Chuo Kikuu cha Massachusetts, Marekani, na wenzake walieleza jinsi wanafunzi wa chuo walivyoshindwa kuandika kwa mlinganyo kwamba idadi ya wanafunzi ni mara sita ya idadi ya maprofesa. Zaidi ya theluthi moja walikosea, na wengi wao waliweka 6 upande wa wanafunzi. Baadhi yao waliichukua herufi kuwa jina la mtu, badala ya idadi ya watu.

Kutokana na hayo, mtungaji wa mafumbo hana budi kuzingatia mambo matatu. Kwanza, pale majina mawili yanapokuwa ya ngeli moja, jina lirudiwe: "Juma atakuwa na mara tatu ya fedha za Asha." Pili, itajwe idadi, bei au umri, wala si kitu chenyewe. Tatu, isemwe "mara tatu ya", wala si "mara tatu zaidi ya", ambayo wengine huweza kuielewa kuwa ni mara nne.

Nchini Tanzania, Kiswahili kilifanywa lugha ya kufundishia katika shule za msingi mwaka 1967. Mtoto asomaye hisabati kwa Kiswahili hupimwa lugha na hesabu kwa pamoja. Akikosa alama kwa sababu ya kiambishi a-, atahesabiwa kuwa hajui hesabu, ilhali kosa ni la aliyelitunga swali. Kwa hiyo, mwanaisimu naye ana wajibu wake katika chumba cha hisabati.