MKOPO MILIONI 50, MALIPO MILIONI 167! Unajua unachosaini?

Kijana wa mjini akienda kuulizia mkopo wa nyumba, swali lake huwa moja tu: "Kwa mwezi inakuja shilingi ngapi?" Akitajiwa kiasi ambacho mshahara wake unaweza kukimeza, basi, kwake bei imeshajulikana. Anarudi mtaani kifua mbele, anaanza kuchagua rangi ya mapazia.

Samahani msomaji wangu, hiyo siyo bei. Hilo ni rejesho tu. Bei ni rejesho mara miezi yote utakayolipa mpaka deni liishe, na hapo ndipo kizungumkuti kinapoanza.

Simlaumu mtu kutaka kwake. Karaha za kupanga nazijua: kodi ya miezi sita kwa mkupuo, foleni ya bafuni asubuhi, na mwenye nyumba anayegonga mlango alfajiri eti taa ya uani imelala inawaka. Nani asiyetaka kuzikimbia? Lakini wazee walishasema, kukopa harusi, kulipa matanga. Leo nataka tuyahesabu matanga hayo kabla ngoma ya harusi haijapigwa.

TUPIGE HESABU

Hapa kwetu Tanzania, riba ya mikopo ya nyumba kwa miaka mingi imekuwa ikicheza kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Tuchukue asilimia 16. Tuseme umekopa shilingi milioni 50, utalipa kwa miaka 20, na riba inapigwa kwenye deni lililobaki.

Rejesho lako kwa mwezi linakuja kama shilingi 695,600. Miaka 20 ni miezi 240. Zidisha. Utakuwa umelipa kiasi cha shilingi milioni 167. Yaani zile milioni 50 ulizopewa, na nyingine 117 juu yake. Kwa lugha ya mtaani, umenunua nyumba moja ukalipia tatu na chenji!

Nilimwonyesha hesabu hiyo rafiki yangu mmoja wa Tabata ambaye tayari alikuwa na barua ya benki mkononi. Akacheka, akaniambia, "Acha uchawi wewe, mimi nikikaa miaka mitano nikachoka, nauza nalipa deni, chenji naweka mfukoni." Maneno hayo nimeyasikia kwa vijana wengi, na ndiyo yanayonitisha kuliko yote.

DENI LISILOSHUKA

Hebu tazama rejesho la mwezi wa kwanza linavyogawanywa. Katika zile 695,600, riba inachukua karibu 666,700. Kinachokwenda kupunguza deni lenyewe ni kama shilingi 29,000 tu. Nauli ya bodaboda ya wiki!

Hakuna mtu aliyekuibia. Riba inahesabiwa kwenye deni lililobaki, na mwanzoni deni lote bado limekaa pale pale, kwa hiyo riba inakuwa nene. Kadiri deni linavyopungua ndivyo riba inavyokonda, na fungu linalokwenda kwenye deni linavyonenepa. Shida ni kwamba mwanzo huo ni mrefu kama foleni ya Mbagala.

Mwaka wa kwanza utalipa zaidi ya milioni 8.3, na deni litapungua kwa shilingi 374,000 hivi. Baada ya miaka mitano utakuwa umetoa milioni 41.7, na bado utadaiwa milioni 47.4. Baada ya miaka kumi, nusu ya safari, utakuwa umetoa milioni 83.5, na bado unadaiwa milioni 41.5.

Sasa mrudie yule rafiki yangu. Akitaka kuuza mwaka wa tano, milioni 47.4 za kwanza ni za benki. Kama bei ya nyumba haikupanda, chenji ya kuweka mfukoni ataitafuta kwa tochi. Mkopo wa miaka 20 haukufanywa kwa mtu mwenye mpango wa miaka mitano.

MIAKA NDIYO MCHAWI

Watu wengi wanagombana na riba, wanasahau miaka. Tuchukue mkopo ule ule wa milioni 50 kwa asilimia 16, tubadilishe muda tu.

Kwa miaka 20, unalipa 695,600 kwa mwezi, jumla milioni 167.

Kwa miaka 15, unalipa 734,400 kwa mwezi, jumla milioni 132.

Kwa miaka 10, unalipa 837,600 kwa mwezi, jumla milioni 100.5.

Umeona? Kati ya miaka 20 na 15, tofauti ya rejesho haifiki hata shilingi 40,000 kwa mwezi. Lakini mwishoni unaokoa karibu milioni 35! Kwa hiyo ukiambiwa "tutakurefushia muda upate nafuu", jua kwamba nafuu hiyo ina bei, na bei yake ni mamilioni. Nafuu ya leo unaikopa kwa mzee utakayekuwa kesho.

ASILIMIA 10 INAYOUMA KAMA 16

Kuna jambo jingine linalowapiga watu chenga ya mwili. Unatajiwa "riba asilimia 10 tu" unaruka kwa furaha. Uliza kwanza: asilimia 10 ya nini?

Kuna riba inayohesabiwa kwenye deni lililobaki, kama tulivyofanya hapo juu. Na kuna riba inayohesabiwa kwenye mkopo wote wa mwanzo, mwaka hadi mwaka, hata kama umeshalipa nusu yake. Hii ya pili ikiwa asilimia 10 kwa milioni 50, ni milioni 5 kila mwaka. Kwa miaka kumi ni milioni 50. Jumla unalipa milioni 100.

Rudi juu uone ule mkopo wa asilimia 16 wa miaka kumi: milioni 100.5. Ni kitu kile kile! Mmoja kavaa shati la asilimia 10, mwenzake la asilimia 16, kumbe ni pacha. Kwa hiyo usilinganishe asilimia kwa asilimia. Linganisha jumla kwa jumla.

VIJIPESA VYA PEMBENI

Mpaka hapo hatujataja vingine. Kuna kianzio unachotakiwa kutoa mfukoni, maana mara nyingi benki haikopeshi bei yote ya nyumba. Kuna ada ya kushughulikia mkopo, mthamini wa nyumba, wakili, ushuru wa stempu na gharama za kusajili rehani. Kuna bima ya moto, na bima ya maisha ya kulipa deni ukitangulia mbele ya haki. Vingine unalipa mara moja, bima inakufuata kila mwaka.

Ukishaingia ndani, kuna kodi ya pango la ardhi, na kodi ya majengo ambayo tangu 2021 inakatwa kwenye luku. Tena bati likivuja hakuna mwenye nyumba wa kumpigia kelele. Mwenye nyumba ni wewe!

Halafu soma vizuri kama riba yako inaweza kubadilika katikati ya safari. Ule mkopo wetu wa miaka 20, kama riba ingekuwa asilimia 18 badala ya 16, rejesho lingekuwa kama 771,700, na jumla milioni 185. Asilimia mbili tu, milioni 18 zimeyeyuka.

"MBONA MZEE WANGU ALIKOPA AKAMALIZA?"

Swali hilo nimeulizwa, na ni zuri. Wapo wazee waliokopa Benki ya Nyumba, ile THB iliyoanzishwa mwaka 1973 ikafa mwaka 1995. Leo wanasimulia jinsi rejesho lilivyofika mahali likawa kama hela ya vocha.

Sababu ni mfumuko wa bei. Mpaka katikati ya miaka ya 1990 bei za vitu hapa nchini zilikuwa zikipanda kwa zaidi ya asilimia 20 kwa mwaka. Noti za mshahara zikiongezeka na deni likabaki kwenye tarakimu za zamani, deni linaliwa na mfumuko. Siku hizi mfumuko umekaa chini ya asilimia 5 kwa miaka kadhaa. Hiyo ni neema sokoni, lakini maana yake ni kwamba deni lako halina mtu wa kukusaidia kulila. Riba asilimia 16, mfumuko chini ya 5, tofauti yote inatoka kwenye jasho lako. Ushauri wa mzee ni wa heshima, lakini hesabu yake ni ya zama zake.

Baada ya THB kufa, mikopo mirefu ya nyumba ilikuwa adimu kama maziwa ya kuku. Ndiyo maana Dar es Salaam imejaa nyumba zilizopanda tofali kwa tofali, mwaka huu msingi, mwaka kesho kuta, bati Mungu akijalia. Mwaka 2008 ikapitishwa sheria maalumu ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaanzishwa kampuni ya TMRC inayozipatia benki fedha za muda mrefu za kukopesha. Mlango umefunguka. Kuingia kwa macho wazi ni juu yako.

SAINI YA MWENZI

Nawageukia mlio kwenye ndoa. Sheria zetu zinataka mwenzi akubali kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani. Isiwe mzee anakuletea karatasi usiku, "Mama nanihii, saini hapa haraka," na wewe unasaini huku unageuza chapati. Soma. Uliza jumla. Ukishindwa kulipa, benki itakupa notisi, na ikifika huko mwisho wake ni mnada. Sheria inamtaka mwenye rehani auze kwa bei nzuri inayopatikana, lakini nyumba iliyokwenda kwa mnada hairudi kwa kilio.

Mke wa yule rafiki yangu wa Tabata ndiye aliyeuliza swali ambalo sisi wanaume wawili hatukuliuliza: "Kazi ya mwenzangu ni mkataba wa miaka mitatu mitatu. Mkopo ni miaka 20. Hiyo mingine tunalipa na nini?" Kimya kikatawala. Barua ikarudishwa kwenye bahasha, si kwa kuchanwa, bali mpaka jibu lipatikane.

SASA TUFANYEJE?

Sisemi usikope. Ukipanga nyumba ya laki tatu kwa miaka 20 bila kodi kupanda hata mara moja, utakuwa umetoa milioni 72 na huna hata tofali. Na tuseme kweli, mwenye nyumba gani huyo asiyepandisha? Aliyelipa mkopo, mwisho ana hati. Kwa wengine, hasa wenye kipato cha uhakika na wasioweza kungoja ujenzi wa miaka kumi, mkopo ni njia ya kweli. Ila nenda na haya kichwani:

Kwanza, omba ratiba ya marejesho ya miezi yote, iandikwe, kabla ya kusaini. Tazama mstari wa mwisho: jumla. Kisha tazama deni litakalobaki mwaka wa tano na wa kumi.

Pili, uliza riba inahesabiwa kwenye deni lililobaki au mkopo wote, na kama inaweza kubadilika.

Tatu, uliza kama unaruhusiwa kulipa zaidi ya rejesho bila faini. Hapa pana utajiri! Kwenye mkopo wetu wa miaka 20, ukiongeza shilingi 100,000 tu kila mwezi kuanzia mwezi wa kwanza, na zikapunguza deni lenyewe, unamaliza kwa takriban miaka 11 na nusu. Jumla inashuka mpaka milioni 109. Umeokoa karibu milioni 58 kwa laki moja ya mwezi. Bia na nyama choma za mwisho wa mwezi zinafika wapi huko?

Nne, ongeza kianzio. Kila shilingi milioni moja usiyokopa kwa miaka 20 inakuokolea malipo ya milioni 3.3.

Tano, jijaribu kabla ya kukopa. Kwa miezi sita, kila mshahara ukitoka, toa kodi yako unayolipa sasa, halafu weka pembeni tofauti iliyobaki kufikia rejesho. Ukiweza bila kukopa kwa jirani, miguu yako ina nguvu, na kianzio kimenona. Ukishindwa mwezi wa pili, umejua mapema, na hakuna dalali wa mnada aliyekugongea.

Kwa hiyo wiki hii ukiingia benki na shati lako la pasi, akikuuliza yule dada wa mezani una swali gani, usimwambie "kwa mwezi shilingi ngapi". Mwambie hivi: "Dada, mpaka siku nakabidhiwa hati yangu, nitakuwa nimewapa shilingi ngapi?" Kisha nyamaza, mwache apige hesabu.