Mvuke ulivyochora mpaka wa Malaba na kuijenga Kampala

Na Mwandishi Wetu, Kampala

WAFANYABIASHARA wanaovuka Malaba na Busia wanaujua mpaka kwa mihuri, ushuru na kero za forodha. Wachache wanajua kwamba mpaka huo ulifika pale ulipo kwa sababu ya gari moshi.

Kabla ya Aprili 1, 1902, mkoa wa mashariki wa Uganda ulienea hadi Naivasha. Kisumu ilikuwa Uganda. Reli iliyoanza kujengwa Mombasa mwaka 1896 ilipofika Kisumu Desemba 1901, Waingereza waliona ni usumbufu reli moja kupita katika tawala mbili. Wakauhamisha mkoa mzima na kuuweka upande ambao leo ni Kenya.

Mpaka ukasogea magharibi hadi mito ya Sio na Malaba na mlima Elgon. Wasamia na Wateso wakajikuta pande mbili za mstari ambao hawakuulizwa. Leo mtu wa Busia anayemtembelea shangazi yake ng'ambo ya pili anapita kwa afisa uhamiaji, na chanzo chake ni hesabu za reli.

Ajabu zaidi, reli hiyo iliitwa Reli ya Uganda, lakini baada ya mabadiliko hayo hakuna hata hatua moja ya njia yake iliyobaki ndani ya Uganda. Kampala iliisubiri treni ya kutoka Mombasa kwa miaka mingine 30 hivi.

Mzigo wa kichwa

Ili kuelewa kwa nini Waingereza waliihangaikia reli kiasi hicho, tukumbuke biashara ilivyokuwa kabla yake. Safari ya kutoka pwani hadi Buganda ilichukua miezi mitatu hivi kwa miguu. Mpagazi mmoja alibeba kilo 30. Tani moja ya bidhaa ilihitaji wapagazi zaidi ya 30, na wote hao walipaswa kula njiani.

Kwa hesabu hiyo, bidhaa iliyoweza kulipa gharama za safari na kuacha faida ya maana ilikuwa pembe za ndovu. Robota moja la pamba la ratili 400 lingehitaji wanaume sita kwa miezi mitatu. Hakuna mfanyabiashara mwenye akili timamu ambaye angejaribu.

Kilichobadilisha hesabu hiyo ni jambo ambalo kila mama lishe analijua: chungu kikichemka, kifuniko huruka. Maji yakigeuka kuwa mvuke hutaka nafasi mara 1,600 hivi ya ile ya mwanzo. Ukiufungia mvuke huo ndani ya chombo cha chuma, yaani boila, utasukuma chochote utakachouachia. Ukiuelekeza kwenye pistoni, pistoni itazungusha gurudumu.

Huko Uingereza, Thomas Newcomen alitumia mashine ya mvuke mwaka 1712 kuvuta maji migodini. James Watt aliiboresha na kupata hati miliki mwaka 1769. Mwaka 1830 reli ya Liverpool hadi Manchester ikaanza kubeba abiria na mizigo. Viwanda vya nguo vya Manchester, navyo vikiendeshwa kwa mvuke, vikawa na njaa ya pamba isiyoshiba. Njaa hiyo ndiyo iliyokuja kuikumba Uganda.

Stima ziwani

Reli ya kutoka Mombasa iligharimu zaidi ya pauni milioni 5 za Uingereza. Iligharimu pia watu. Wafanyakazi wapatao 32,000 waliletwa kutoka India, na karibu 2,500 kati yao walikufa kwa maradhi, ajali na simba wa Tsavo.

Njia ya reli ilipoishia Kisumu, mvuke uliendelea majini. Mwaka 1900 meli ya William Mackinnon iliteremshwa katika Ziwa Victoria baada ya kuletwa kutoka Scotland ikiwa vipande vipande. Zikafuata Winifred, Sybil, Clement Hill na nyingine kubwa zaidi. Mwaka 1908 bandari ya Port Bell ilianzishwa karibu na Kampala, ikapewa jina la Hesketh Bell aliyekuwa mtawala wa Uganda.

Meli hizo ziliitwa stima. Treni ikaitwa gari moshi, na Waganda wakasema eggaali y'omukka, maana yake ikiwa ile ile. Nchini Kenya neno stima likahamia kwenye umeme, ndiyo maana Mkenya anaweza kulalamika kwamba "stima imepotea" bila kufikiria meli hata kidogo.

Safari ya miezi mitatu ikawa ya siku chache. Mabati, mafuta ya taa, baiskeli, chumvi na vitambaa vikaanza kufika kwa bei ambayo mtu wa kawaida angeweza kuifikiria. Mfanyabiashara Alidina Visram, aliyeanza na misafara ya wapagazi kutoka Bagamoyo, alitandaza maduka yake kufuata reli na ziwa hadi Kampala na Jinja.

Pamba, kodi na boila

Lakini meli haziwezi kurudi tupu. Mkataba wa Buganda wa mwaka 1900 uliweka kodi ya rupia tatu kwa kila nyumba, na mkulima alihitaji kitu cha kuuza. Mwaka 1903 Kenneth Borup, mmisionari aliyesimamia kampuni mpya ya Uganda Company, aliagiza mbegu za pamba. Machifu wakagawiwa, wakulima wakapanda.

Mwanzoni pamba ilichambuliwa kwa mashine ndogo za mkono. Mwaka 1908 serikali ikapiga marufuku mashine hizo kwa madai kwamba zinaharibu ubora wa nyuzi. Tangu hapo pamba ilipaswa kupelekwa jineri yenye mashine za nguvu, na nguvu ya siku hizo ilikuwa mvuke, boila likilishwa kuni.

Hapa ndipo penye kiini cha kisa chote. Shamba lilikuwa la mkulima na jasho lilikuwa lake, lakini boila lilikuwa la mwingine. Majineri yalikuwa mikononi mwa Wazungu na Wahindi, na wao ndio waliokuwa na sauti katika bei. Mkulima wa Mukono au Bugerere alipeleka gunia lake, akapokea alichopewa, akalipa kodi.

Hasira hiyo ilikusanyika kwa miaka mingi. Katika machafuko ya Aprili 1949 mjini Kampala na Buganda kwa ujumla, moja ya madai ya wananchi lilikuwa haki ya kuchambua pamba yao wenyewe na kuiuza nje bila kupitia kwa mtu wa kati. Chama cha wakulima cha Ignatius Musazi kilipigwa marufuku. Hata hivyo, katika miaka ya 1950 vyama vya ushirika viliruhusiwa kununua majineri. Dai lililopigwa marungu mwaka 1949 likawa sera ya serikali baada ya miaka michache.

Miji iliyopata, miji iliyopoteza

Januari 1931 daraja la reli juu ya mto Nile lilifunguliwa Jinja, na mwaka huo huo treni kutoka Mombasa ikaingia Kampala. Viwanda na maghala vikasogea karibu na reli. Nyumba za wafanyakazi wa reli zikajengwa Nsambya. Wajaluo, Waluhya, Waganda, Wateso na Wahindi waliofanya kazi pamoja walihitaji lugha moja, na Kiswahili kikawa lugha ya karakana na ya stesheni.

Wapo waliorejea Kampala baada ya miaka ya uhamishoni Nairobi au Dar es Salaam wakashangaa kwamba watu wa Nsambya wanawaelewa. Sehemu ya jibu ni hiyo.

Si kila mji ulibahatika hivyo. Namasagali, kwenye mto Nile, iliunganishwa na Jinja kwa reli mwaka 1912. Mizigo ilipakiwa hapo kwenye stima hadi Masindi Port, ikasafirishwa kwa barabara hadi Butiaba, kisha ikavuka Ziwa Albert kwenda Kongo. Kwa miaka 50 hiyo ilikuwa njia kuu ya biashara na majirani zetu wa magharibi.

Mapema miaka ya 1960 mvua kubwa zilipandisha maji ya maziwa na kuzifurikia bandari hizo. Meli ya Robert Coryndon ilizama Butiaba. Wakati huo malori na reli mpya zilikwisha kuchukua mizigo, na hakuna aliyeona faida ya kujenga upya. Namasagali majengo ya bandari yakageuzwa shule ya sekondari. Wachuuzi, mahamali na wenye nyumba za wageni wakatawanyika.

Mvuke wenyewe ukafuata njia hiyo. Injini za dizeli zilichukua nafasi ya zile za moshi, na Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977 shirika la pamoja la reli nalo likagawanywa.

Bado uko nasi

Anayedhani mvuke ni mambo ya makumbusho aende Kakira, karibu na Jinja. Kiwanda cha sukari kilichoanzishwa na Muljibhai Madhvani mwaka 1930 huchoma makapi ya miwa, huchemsha maji, na mvuke wake huzungusha mitambo ya umeme. Sehemu ya umeme huo huingia kwenye gridi ya taifa. Ng'ambo ya mpaka, Kenya imekuwa ikizalisha umeme kwa mvuke wa ardhini huko Olkaria tangu 1981. Kwa hiyo stima ya Kenya, kwa kiasi kikubwa, bado ni stima kweli.

Sasa reli nyingine inakuja. Oktoba 2024 serikali ya Uganda ilitia saini mkataba na kampuni ya Yapi Merkezi ya Uturuki kujenga reli ya kisasa ya kilomita 272 kutoka Malaba hadi Kampala, iliyopangwa kuendeshwa kwa umeme.

Wengi wanauliza treni itakwenda kasi gani. Historia ya mvuke inamfundisha mfanyabiashara mdogo kuuliza mambo mengine. Mzigo utashushwa wapi? Maghala ya hapo yatakuwa ya nani? Je, mwenye magunia kumi ya mahindi au marobota matatu ya mitumba atapata nafasi kwenye behewa, au ni mwenye makontena peke yake? Na je, Malaba itabaki mji wa biashara, au mizigo itapita moja kwa moja kama ilivyokuja kuipita Namasagali?

Mwaka 1902 watu wa mpakani hawakuulizwa kitu. Safari hii wana vyama vyao, madiwani wao na wabunge wao, na michoro ya vituo na maghala haijageuka zege. Wakati wa kuuliza ni huu.