Utupa: Sumu Isiyochagua

Kila nipitapo ufuoni wakati wa maji kupwa, nikaviona vidimbwi vilivyosalia mwambani, humkumbuka marehemu ami yangu na pakacha lake la majani. Nilikuwa mtoto wa chuoni, ndiyo kwanza niko juzuu ya Amma. Siku hiyo ya bamvua ami alinichukua akaniambia, "Leo, mwanangu, hatuna haja ya nyavu wala mshipi."

Mle pakachani mlikuwa na utupa uliopondwa kinuni tangu usiku. Alilitosa dimbwini akalikorogakoroga, maji yakageuka rangi. Hatukungoja sana. Tafi na changu walianza kupanda juu wakitweta na kulala ubavu, nasi tukawaokota kwa mikono kama waokotao embe chini ya mwembe. Nyumbani tulikula tukashiba, wala hakuna aliyeumwa na tumbo. Nikaamini kuwa utupa ni sumu ya samaki tu.

Kwa msomaji asiyeujua, utupa ni mti mdogo wenye maua meupe au ya zambarau na maganda yenye vinyweleo. Wataalamu huuita Tephrosia vogelii. Wakulima huyatumia majani yake kuulia kupe, na wadudu waharibuo nafaka ghalani. Wala hatuko peke yetu. Wamalei, Waislamu wenzetu na watu wa bahari kama sisi, wana mzizi wauitao tuba. Na wenyeji wa misitu ya mto Amazon huponda mizizi ya timbó na barbasco wakaitia mitoni. Ajabu ni kuwa mimea hii, iliyotengwa na bahari kuu, ina sumu za ukoo mmoja. Iliyo mashuhuri zaidi ni rotenoni, jina iliyopewa na Mjapani Kazuo Nagai mwaka 1902.

Kazi yake ni hii: hewa imo majini, lakini mwili wa samaki huzuiwa kuitumia, akawa kama mtu aliyeandaliwa chakula asiweze kumeza. Sumu humwingia moja kwa moja kupitia matamvua. Mlaji hupata kidogo mno, tena tumbo haliipokei upesi, na jua na moto wa jikoni huivunja.

Hata hivyo, kutotuua papo hapo si kusema haina madhara kwetu. Mwaka 2000 watafiti wa Chuo Kikuu cha Emory, Marekani, walieleza kuwa panya waliotiwa rotenoni mwilini mfululizo walipata dalili zifananazo na za maradhi ya Parkinson, yale ya mitetemeko.

Na lile dimbwi? Wahenga walisema, mchovya asali hachovyi mara moja. Bamvua iliyofuata tulirudi na pakacha letu, tukakuta maji matupu. Ndipo nilipokumbuka kuwa siku ile tuliwaokota wakubwa, na wadogo wa kiasi cha kidole tukawaacha wakielea matumbo juu. Dema lina matundu, mdogo hupenya akaenda zake. Ndoana humshika mwenye kinywa cha kuienea. Utupa hauna tundu wala hauna kipimo. Ami alilitazama dimbwi kitambo, kisha akasema, "Tumekula na mbegu." Tangu hapo sikumwona tena akiponda utupa.

Leo Sheria ya Uvuvi ya Kenya ya mwaka 2016 inakataza kuvua kwa sumu. Ni vyema, lakini askari hawezi kusimama kwenye kila dimbwi. Mwalimu wangu wa chuo alitufundisha kuwa samaki ni halali yetu bila ya kisu. Naam, ni halali. Lakini halali hiyo ni ya wajukuu wetu pia, nao hawajafika mwambani. Wazee tuujuao utupa tuwaelezee vijana habari zake zote mbili: ile ya pakacha lililojaa, na ile ya dimbwi tulilolirudia.