Zile Herufi Kwenye Pakiti ya Mbegu ya Nyanya Zimetoka Wapi?



Msimu uliopita kijana mmoja wa hapa kwetu Kilolo alinipigia simu alfajiri. "Bwana shamba, njoo uone mwenyewe, nimeuziwa mbegu feki." Nikawasha pikipiki, nikaenda. Nikakuta ekari moja ya nyanya, vijiti vimesimama vizuri, maji yapo, mbolea amepiga kwa wakati. Lakini kila ukitembea hatua chache unakuta mche umejikunja majani, umekuwa wa njano, umedumaa. Rasta hiyo. Na mche wa pembeni yake umesimama mzima, kijani kabisa, maua tele.

Nikamuuliza, "Mdogo wangu, pakiti yenyewe iko wapi?"

Akanyamaza kidogo. Kumbe pakiti aliinunua msimu wa nyuma yake. Mbegu ile chotara ilimpa nyanya safi, akachagua matunda makubwa, akakamua mbegu, akakausha, akasia kitaluni. Alitaka kuokoa hela ya pakiti. Hakuna aliyemuuzia feki. Mbegu aliitengeneza mwenyewe bila kujua.

Nilimchorea chini kwa kijiti mpaka akaelewa. Leo nataka niwachoree na ninyi, maana wengi mnafanya hivyohivyo.

Anza na pakiti

Chukua pakiti ya nyanya chotara, angalia nyuma. Utaona HR au IR, halafu herufi nyingine. HR maana yake kinga kubwa, IR kinga ya kati. TYLCV ni virusi vya rasta. Ma, Mi na Mj ni aina tatu za minyoo fundo, wale wanaofanya mizizi iwe na vinundu. Fol ni mnyauko fuzari. ToMV ni virusi vya batobato ya nyanya.

Kinga nyingi kati ya hizo zinatokana na jeni moja moja, na kila jeni ina mahali pake pa kukaa ndani ya mmea. Jeni ya kinga ya rasta iitwayo Ty-1 inakaa kromosomu ya 6. Jeni ya kinga ya minyoo iitwayo Mi-1 inakaa kromosomu hiyohiyo ya 6. Sasa swali: mtu alijuaje? Jeni huioni kwa macho. Jibu lake ndilo linaloeleza kwa nini shamba la yule kijana liliharibika.

Shanga kwenye uzi

Kila chembe hai ya mnyanya ina kromosomu 24, yaani jozi 12. Kwenye kila jozi, moja imetoka kwa mama na moja kwa baba. Chukulia kromosomu ni uzi wa shanga, kila shanga ni jeni.

Mmea unapotengeneza chavua na mayai, nyuzi mbili za jozi moja hulala pamoja, zikakatika sehemu moja na kubadilishana vipande. Shanga zilizokaa mbali kwenye uzi hutenganishwa mara nyingi. Shanga zilizobanana hutenganishwa mara chache sana. Basi ukihesabu watoto wangapi wametengana na wangapi wamebaki pamoja, umepima umbali bila kuiona shanga hata moja.

Mtu wa kwanza kulifikiria hilo alikuwa Alfred Sturtevant, mwanafunzi aliyekuwa hajamaliza hata digrii ya kwanza pale Chuo Kikuu cha Columbia, New York. Mwaka 1911 alichukua hesabu za inzi wa matunda waliokuwa wakifugwa kwenye maabara ya Thomas Hunt Morgan, akakaa nazo usiku, kazi za darasani akaziacha. Asubuhi alikuwa na ramani ya kwanza ya jeni duniani. Aliichapisha mwaka 1913. Kipimo chake leo kinaitwa sentimogani, kwa heshima ya Morgan. Watoto 2 kati ya 100 wakitengana, umbali ni kama sentimogani 2.

Hadi hapo ilikuwa hesabu tu. Ushahidi wa macho ulikuja kwenye zao letu, mahindi. Mwaka 1931 Harriet Creighton na Barbara McClintock walipata mmea wa mahindi ambao kromosomu yake moja ya 9 ilikuwa na kifundo upande mmoja, kinachoonekana kwa hadubini. Walipofuatilia rangi na aina ya wanga wa punje, waliona kwamba sifa zikibadilishana, na vipande vya kromosomu navyo vimebadilishana. Hapo mabishano yakaisha.

Kutoka mizizi hadi kipande cha jani

Sasa turudi kwenye nyanya. Kinga ya minyoo fundo haikuwemo kwenye nyanya tunazokula. Ilitoka kwa nyanya mwitu za Amerika Kusini. Kuzivukisha na nyanya ya kawaida ilikuwa kazi, maana kiinitete kilikuwa kinakufa kabla mbegu haijakomaa. Miaka ya 1940 mtafiti alikitoa kiinitete, akakilea maabara, akapata mche. Karibu nyanya zote zenye kinga hii zimetokana na mche huo mmoja.

Tatizo likawa kuchagua. Ili ujue mche una Mi-1 ilibidi uupande kwenye udongo wenye minyoo, usubiri wiki kadhaa, ung'oe, uangalie mizizi. Fanya hivyo kwa miche maelfu, uone. Miaka ya 1970 watafiti wakagundua kwamba jirani kabisa na Mi-1 kuna jeni nyingine inayotengeneza kimeng'enya ambacho unaweza kukipima kwenye kipande cha jani. Shanga mbili zimebanana, hivyo ukiiona moja, karibu kila mara na nyingine ipo. Hiyo ndiyo inaitwa alama. Siku hizi alama zinasomwa moja kwa moja kwenye vinasaba, mche ukiwa bado mdogo kwenye trei.

Alama zilifichua na jambo lingine. Ukivusha nyanya yako na nyanya mwitu, unapata kinga pamoja na takataka: matunda madogo, ladha mbaya. Hivyo unarudisha kizazi kwa nyanya nzuri, tena na tena, ili usafishe. Watu walidhani ukirudia mara nyingi inatosha. Lakini mwaka 1989 ilionekana kwamba mbegu moja iliyorudishwa mara 11 bado ilikuwa na mkono mzima mfupi wa kromosomu ya 9 kutoka mwituni. Bila ramani, ulikuwa unachagua gizani.

Ty-1 nayo ilitoka kwenye nyanya mwitu, *Solanum chilense*. Ilipatiwa mahali pake kwenye ramani mwaka 1994. Kuipata jeni yenyewe, si mtaa tu bali nyumba, kulichukua hadi 2013, mwaka mmoja baada ya kuchapishwa kwa mfuatano mzima wa vinasaba vya nyanya: herufi kama milioni 900. Ukiona bei ya pakiti, kumbuka safari hiyo.

Na kwa wale wanaoniuliza kama hii ni GMO: hapana. Ni kuvukisha nyanya kwa nyanya, chavua kwa ua. Ramani inasaidia kuchagua tu.

Sasa shamba la yule kijana

Ty-1 na Mi-1 ni majirani kwenye kromosomu ya 6, ila zimetoka mwituni kwa njia tofauti. Kuziweka zote mbili kwenye uzi mmoja ni shida, kwa sababu hazitengani wala kuungana kirahisi. Njia moja ya wazalishaji ni kuwa na mzazi mmoja mwenye Ty-1 na mzazi mwingine mwenye Mi-1. Mtoto wao, ile F1 unayonunua, anabeba zote mbili, kila moja kwenye uzi wake.

Ukikamua mbegu za F1 ya namna hiyo, nyuzi zinagawanyika. Kwenye miche 10,000:

- kama 2,500 ina Ty-1 tu, minyoo itaila;
- kama 5,000 ina zote mbili;
- kama 2,500 ina Mi-1 tu, rasta itaimaliza.

Nusu ya shamba imepoteza kinga moja au nyingine. Na kwa macho, kitaluni, miche yote inafanana! Ndiyo maana yule kijana aliona mgonjwa na mzima wamesimama pamoja. Kuchagua matunda makubwa hakukumsaidia, ukubwa wa tunda hauonyeshi kinga iko wapi.

Ufanye nini

1. Kabla ya kununua, jua adui yako. Msimu ukiisha, ng'oa miche kumi sehemu mbalimbali uangalie mizizi. Ukiona vinundu, tafuta Ma, Mi, Mj kwenye pakiti. Kama eneo lako lina inzi weupe wengi, TYLCV ni ya lazima.

2. Usikamue mbegu za F1. Kama mtaji haujafika, panda mbegu za kawaida zisizo chotara kama Tanya au Tengeru 97. Hizo unaweza kukamua, ilimradi mmea uliochagua hauna ugonjwa. Ekari ndogo yenye mbegu ya uhakika ni bora kuliko kubwa yenye kubahatisha.

3. Kinga si uchawi. Mmea wenye Ty-1 unaweza kubeba virusi hata kama hauonyeshi sana. Funika kitalu kwa neti, ng'oa mapema mche wenye dalili, zuia inzi weupe.

4. Linda udongo na joto. Udongo ukipita nyuzi 28 za Selsiasi, Mi-1 inaanza kushindwa. Weka matandazo ya nyasi, usiache tuta likae wazi juani.

5. Usitegemee jeni moja milele. Tayari kuna minyoo duniani iliyokwisha kuizoea Mi-1. Pumzisha shamba, panda marejea, halafu ilime ndani ya udongo. Marejea hupunguza minyoo na kurutubisha.

6. Tunza pakiti, lebo ya TOSCI na risiti mpaka umalize kuvuna. Mbegu ikiwa feki kweli, huo ndio ushahidi wako.

Yule kijana aling'oa miche yote yenye rasta, akabaki na matenga machache ya kurudisha hela ya mbolea. Aliumia, simfichi mtu. Msimu huu kasia nusu ekari tu, F1 ya dukani, kitalu kiko ndani ya neti. Nilipopita juzi nikakuta pakiti ameipigilia misumari kwenye nguzo ya kitalu, herufi zinatazama nje. Kabla sijashuka kwenye pikipiki akaanza kunisomea moja moja, na maana zake.