Mkono Usioonekana Katika Sinema za Wanyama

Juzi nilikuwa Garsen nikingoja gari la kwenda Lamu. Nikaingia mkahawani kunywa chai na mahamri. Televisheni ilikuwa ikionyesha sinema ya viboko. Mzee mmoja aliyeketi karibu nami aliitazama kwa muda, kisha akaniuliza, "Mwanangu, mbona mto huo hauna hata mtu mmoja anayeteka maji?"

Jibu la swali hilo, msomaji mpenzi, limo mikononi mwa mtu ambaye hatumwoni kabisa: mhariri wa filamu, yaani fundi wa kukata na kuunga picha.

Tumezoea kuwasifu wapiga picha, na wanastahili. Alan Root na mkewe Joan walizama katika chemchemi ya Mzima, kule Tsavo, wakawapiga picha viboko chini ya maji. Chemchemi hiyo ndiyo inayoletwa Mombasa kwa mabomba. Lakini picha zikishapigwa, kazi bado ni nusu. Filamu ya The Elephant Queen, iliyoonyeshwa Toronto mwaka 2018, ilipigwa hapa Kenya kwa muda wa miaka minne, nayo hutazamwa kwa saa moja na nusu hivi. Yaliyobaki yote yaliachwa.

Zamani mhariri alijifungia chumbani na mikanda yake. Mkanda wa milimita 16 wenye urefu wa futi 400 humalizika kwa dakika 11 hivi, naye aliitazama mmoja mmoja, akikata na kugandisha. Siku hizi anatumia kompyuta, lakini kazi ni ile ile. Hata sauti huwa mikononi mwake. Simba aliyepigwa picha kwa mbali hasikiki akitembea; vishindo vya miguu hutiwa baadaye.

Hapo ndipo penye mtihani. Mhariri akimchukua swala aliyeinua kichwa Jumatatu, akamuunga na chui aliyepita Alhamisi, sisi tutaona mawindo. Hiyo ni ada ya kazi, na pengine haina dhara kubwa. Lakini akiyakata mashamba ya mpunga na ng'ombe wanaoshuka kunywa, atakuwa amewaambia walimwengu kwamba Tana haina wenyewe. Picha ni amana. Kuchagua ni kazi. Kuficha ni khiyana.

Wala si jambo dogo. Mbega mwekundu wa Tana na mangabi wa Tana hawapatikani popote duniani ila katika misitu ya kingo za mto huu. Hifadhi yao ilitangazwa mwaka 1976. Mwaka 2007 Mahakama Kuu iliamua kwamba haikuundwa kwa kufuata sheria. Kando ya misitu hiyo Wapokomo wanalima, na Waorma wananywesha mifugo. Anayetaka wanyama hao wasalie hana budi kuzungumza na watu hao. Atazungumza vipi na mtu ambaye amekwisha kumkata kwenye picha?

Wako walioanza kuliona hilo. African Environmental Film Foundation, iliyoanzishwa na Simon Trevor mwaka 1998, imetoa filamu kwa Kiswahili ili wenyeji wenyewe wazitazame. Lakini kutazama tu hakutoshi. Utengenezaji wa filamu unafundishwa Nairobi, katika chuo cha KIMC, na vijana wetu wa mtoni wanaweza kuusoma. Mhariri aliyezaliwa Garsen hahitaji kuambiwa ni nani huwa mtoni alfajiri.

Gari lilipopiga honi nilimweleza mzee kwa ufupi, nikamwambia wako mafundi ambao kazi yao ni kukata. Alicheka kidogo, akanipa mkono.

"Basi, mwanangu, ukionana nao wape salamu zetu. Waambie viboko ni wazuri, lakini nasi watuache kwenye picha, hata kama ni kwa mbali."