Mto Kuja: Mvua ya Kisii, Gharika ya Nyatike

Hebu tutegue kitendawili. Jua limewaka kutwa nzima, wingu halionekani, lakini usiku maji yanabisha hodi mlangoni. Yametoka wapi?

Mkazi wa Nyatike, katika kaunti ya Migori, hahitaji kutoa mji ili ajibiwe. Maji hayo yameletwa na mto Kuja, na mvua yake imenyesha mbali, kwa watu wengine kabisa.

Mto huu una majina mawili. Wakisii huuita Gucha, na Wajaluo huuita Kuja. Huanzia vilima vya Kiabonyoru huko Nyamira, zaidi ya mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Ukitoka huko hupita mashamba ya chai na migomba ya Kisii, ukaingia Migori na kumwaga maji yake Ziwa Victoria. Safari hiyo ni ya takriban kilomita 149. Njiani huungana na mto Migori, unaoteremka kutoka upande wa Transmara. Ndiyo maana wataalamu huuita Gucha-Migori.

Je, wajua ukubwa wake? Kwa vipimo vya mwaka 1950 hadi 2000, mto huu uliingiza ziwani wastani wa mita 58 za ujazo kila sekunde. Chukua mtungi wa lita 20 unaotekea maji nyumbani: hiyo ni mitungi 2,900 kabla hujapepesa macho mara mbili! Miongoni mwa mito ya Kenya iingiayo ziwani humo, ni Nzoia pekee uliouzidi.

Sasa tazama mteremko. Ziwa liko karibu mita 1,134 juu ya usawa wa bahari. Kwa hiyo maji hushuka karibu kilomita nzima kutoka chanzo hadi mdomo. Milimani hukimbia kwa kasi, yakibeba udongo. Yakifika tambarare ya Nyatike mwendo hupungua, tope hutuama na kina cha mto hupungua. Mto uliojaa tope ni kama sufuria iliyojaa ugali: ukiongeza maji, yatamwagika tu.

Mambo huwa mabaya zaidi ziwa lenyewe linapofura, kama ilivyotokea Mei 2020 lilipofikia kiwango cha juu mno. Mto ukikuta mlango umejaa hurudi nyuma, na mashamba ya watu huwa ndiyo sebule yake.

Hata hivyo, tusiusingizie mto mabaya matupu. Kwenye maporomoko ya Gogo kuna kituo cha umeme cha megawati 2, kilichojengwa miaka ya 1950 ili kuendesha mgodi wa shaba wa Macalder. Hapo hapo Gogo, wachimbuzi wa mambo ya kale wamefukua vigae vya vyungu na mifupa, ishara kuwa wavuvi na wafugaji walinufaika na maji haya karne nyingi zilizopita. Na kwenye tambarare ile ile ya mafuriko, mradi wa umwagiliaji wa Kuja ya Chini umewawezesha wakulima kupanda mpunga.

Tukienda Masara, magharibi mwa mji wa Migori, tunakuta jambo jingine. Hii ni nchi ya dhahabu. Wachimbaji wadogo husaga mawe, huyaosha kwa maji na kuinasa dhahabu kwa zebaki. Riziki ni halali, lakini zebaki ni sumu. Hudhuru ubongo na mishipa ya fahamu, na mtoto aliye tumboni ndiye huumia zaidi. Maji ya kuoshea yakiachiwa kijitoni, zebaki huingia kwa samaki, na samaki huja mezani. Heri kuyazuia katika mashimo maalumu, mbali na vijito na visima.

Nako juu milimani, anayelima hadi ukingoni mwa mto asidhani anaongeza shamba. Mvua ikija, udongo wake wenye rutuba utasafiri bila nauli. Sheria ya Kenya imetenga ukingo wa mita 6 hadi 30, kulingana na upana wa mto, usilimwe. Nyasi, mianzi na miti ya kienyeji hushika udongo na kupunguza kasi ya maji. Mikaratusi, inayokunywa maji mengi, ipandwe mbali na chemchemi.

Wewe mwanafunzi, chukua ramani leo, weka kidole Kiabonyoru ukifuate Kuja hadi ziwani. Kisha jiulize maji ya mfereji wa kwenu huenda kwa nani. Kila mmoja wetu ana jirani aishiye chini yake mtoni, hata kama hajawahi kumwona. Usipoziba ufa, huenda jirani huyo ndiye atakayejenga ukuta.